Jinsi ya kuandika mapenzi yaliyokomaa: mwongozo kamili kwa mwandishi wa hadithi

Muswada wangu wa kwanza wa hadithi ya mapenzi ulikuwa na kurasa 212. Kwenye ukurasa wa 40 mwanamke anamwona mchumba wake amekumbatiana na msichana mwingine njiani. Anageuza, anaondoka, anazima simu. Kurasa 130 zinazofuata ni machozi, barua zisizotumwa na usiku wa kukosa usingizi, mpaka inabainika kwamba yule msichana alikuwa dada wa mchumba. Mhariri niliyempelekea aliurudisha na maneno manne ya penseli pembeni mwa ukurasa wa 41: “Si angempigia simu tu?”

Nilinuna wiki nzima, kisha nikamkubalia. Kurasa zote zile zilikuwa kazi ya kumchelewesha msomaji asimfikie dada mtu. Wale wapenzi wenyewe sikuwa nawajua. Nisingeweza kukwambia wanagombana vipi, nani huwa wa kwanza kuomba radhi, au wakikaa chumba kimoja bila kuzungumza ukimya wao una ladha gani.

Hadithi nyingi za mapenzi huendeshwa na swali moja: je, watapatana? Swali hilo ni tamu, lakini linaisha mapema. Hadithi ya mapenzi yaliyokomaa ina swali la pili, gumu zaidi: kwa kuwa sasa wanajuana kiasi hiki, watafanyiana nini? Hatua zote zilizo hapa chini zinalitumikia swali hilo.

Hatua ya 1: Jua penzi lako lina umri gani

Nasema umri wa penzi, siyo wa watu. Wazee wa miaka 70 wanaweza kuwa na penzi la wiki mbili, na vijana wa miaka 28 wakawa na la miaka kumi. Penzi la wiki mbili lina sheria zake. Mwanasaikolojia wa Marekani, Dorothy Tennov, alilipa jina la limerensi katika kitabu chake cha mwaka 1979: mawazo yanayomrudia mtu mmoja bila kukoma, kupekua kila neno lake kutafuta dalili kwamba naye anakutaka, furaha au huzuni ya siku nzima kutegemea ujumbe mmoja. Hali hiyo ni ya kweli na inastahili kuandikwa. Tatizo ni kwamba waandishi wengi huishia ikiwa bado ya moto, kisha wanaiita mapenzi ya milele.

Lugha yetu inakusaidia hapa kuliko unavyodhani. Ashiki, huba, mahaba, upendo, mazoea: usiyatumie kama visawe vya kukwepa kurudia neno. Ashiki yaweza kumwakia mtu usiyemjua hata jina. Mazoea yanadai miaka, na ni neno lenye nyuso mbili, faraja na uchovu, ndiyo maana linamfaa sana mwandishi. Kabla hujaandika sentensi ya kwanza, chagua ni lipi kati ya hayo linalotawala mlango wa hadithi yako, na lipi utakuta limeshika usukani mwishoni.

Chombo kingine ninachokitumia kila mara kinatoka kwa mwanasaikolojia mwingine wa Marekani, Robert Sternberg, ambaye mwaka 1986 aliyagawa mapenzi katika nguzo tatu: ukaribu, shauku, na uamuzi wa kubaki. Chora jedwali. Kila mhusika apewe alama kati ya 0 na 10 kwa kila nguzo, mwanzoni, katikati na mwishoni. Tuwachukue watu wawili nitakaoendelea nao humu, Zuhura wa miaka 38 na Daudi wa miaka 41, waliokaa pamoja miaka kumi na mmoja. Mwanzoni Zuhura ana ukaribu 5, shauku 6, uamuzi 7. Daudi ana ukaribu 8, shauku 3, uamuzi 10. Tazama hiyo 8 ya Daudi mbele ya 5 ya Zuhura: mmoja anaamini wanaambiana kila kitu, mwingine anajua kwamba hapana. Mlango wa kuingilia ndio huo. Namba za wawili zikifanana toka mwanzo hadi mwisho, hadithi bado hujaipata.

Hatua ya 2: Wape maisha yasiyohusu kupenda

Hii ni fupi, maana wengi wanaijua ila wanaivuka. Mhusika ambaye kazi yake kwenye hadithi ni kupenda na kupendwa hukauka kufikia sura ya tatu. Kwa kila mmoja andika: analipwa kwa kufanya nini na anakiona vipi, anadaiwa na nani, nani humpigia simu akiwa na shida, mwili wake una kasoro gani anayoijua yeye peke yake, kitu gani alikitaka kabla ya kukutana na huyu mwenzake na bado hajakiacha. Hilo la mwisho ndilo litakalokutengenezea msuko.

Hatua ya 3: Tafuta kikwazo ambacho wote wawili wana haki

Kikwazo chako kipitishe kwenye swali la mhariri wangu. Kama mazungumzo ya dakika tano ya ukweli yanaweza kukimaliza, si kikwazo cha kubeba riwaya. Kinaweza kubeba tukio moja, la kuchekesha hasa.

Zuhura amepewa kazi ya miaka miwili katika mji wa mbali, kazi aliyoisubiri tangu kabla ya ndoa. Daudi anamtunza baba yake, ambaye kumbukumbu zinamtoka na hawezi tena kuhamishwa nyumba bila kuchanganyikiwa. Hakuna mbaya hapa. Waambiane ukweli usiku kucha, asubuhi kikwazo kitakuwa palepale, kimeongezeka uzito kwa sababu sasa kila mmoja amesikia sababu za mwenzake na amezielewa. Kuelewana kukizidisha ugumu badala ya kuupunguza, ujue umepata kikwazo cha watu waliokomaa.

Mtafiti John Gottman, aliyewachunguza wanandoa kwa miongo kadhaa huko Marekani, anasema takriban asilimia 69 ya migogoro ya wapenzi ni ya kudumu. Haimaliziki, kwa sababu chimbuko lake ni tofauti za tabia na mahitaji ya msingi. Mwandishi anapaswa kuifurahia namba hiyo. Inakupunguzia jukumu la kutatua kila ugomvi kabla ya ukurasa wa mwisho. Wengine watazeeka na ugomvi wao, na kinachobadilika ni namna wanavyoubeba.

Epuka pia njia ya mkato ya kumleta mtu wa tatu kila hadithi inapolegea. Mpenzi wa zamani anayerudi, bosi mwenye macho ya kutamani, jirani mrembo: hawakatazwi, lakini jiulize kama umewaita kwa sababu hadithi inawahitaji au kwa sababu huwajui hawa wawili vya kutosha.

Hatua ya 4: Andika ugomvi kwa ukaribu

Ningekuwa na nafasi ya kukufundisha hatua moja tu, ningechagua hii. Wahenga walisema wagombanao ndio wapatanao, na mimi nahukumu riwaya ya mapenzi kwa tukio lake la kwanza la ugomvi kabla sijafika kwenye busu.

Rasimu za mwanzo kwa kawaida huja hivi:

“Hunijali! Siku zote unamfikiria baba yako. Sijisikii kupendwa katika ndoa hii.”

“Nisamehe, mpenzi wangu. Naogopa kumpoteza baba, ndiyo maana nimekuwa mbali nawe.”

Ni safi mno. Wote wawili wanajua wanachohisi, wanakitaja kwa jina, na wanakitaja kwa zamu. Watu wa kweli hugombana juu ya kitu kilicho karibu na mkono. Tulirudie tukio lilelile:

“Bomba bado linavuja.”

“Nimeliona.”

“Umeliona tangu Jumanne.”

“Jumanne nilikuwa kwa mzee.”

“Na jana.”

“Na jana nilikuwa kwa mzee. Leo pia. Ukiniuliza kesho, jibu ni hilohilo.”

Zuhura aliinama, akatoa ndoo chini ya sinki, akaimwaga, akairudisha. Matone yakaanza upya, yakigonga plastiki tupu kwa sauti kubwa kuliko mwanzo.

“Amekula?”

“Nani?”

“Mzee, Daudi. Amekula?”

Daudi alikuwa anavua saa. Aliishika mkononi bila kuiweka mezani. “Kidogo. Leo ameniita kwa jina la kaka yake.”

Zuhura alijifuta mikono. Barua ya kazi ilikuwa ndani ya mkoba, na usiku ule haikutoka.

Hesabu yaliyofanyika humo. Neno “mapenzi” halimo. Bomba limebeba lawama ambayo Zuhura anaona aibu kuisema, kwa sababu nani anamwonea wivu mzee mgonjwa? Yeye ndiye aliyeanza ugomvi na yeye ndiye aliyeuzima, kwa neno moja, “Amekula?”, ambalo ni msamaha uliovaa nguo za kazini. Kisha tendo hilohilo la wema likamgharimu: baada ya kusikia habari ya jina, hawezi tena kuitoa barua. Ugomvi umeisha na tatizo limekua.

Angalia pia namna wanavyoitana. Katika ndoa ya miaka kumi na mmoja, jina tupu ni tukio. Amua mapema kila mmoja humwitaje mwenzake wakati wa amani, mbele ya watu, na akiwa amekasirika. Mke aliyezoea kusema “baba watoto” akisema “wewe bwana”, msomaji wa Kiswahili hahitaji kuambiwa kwamba sauti imepanda.

Kwa kupanga tabia za ugomvi, Gottman ana dalili nne zinazofaa kuwekwa karibu na meza ya kuandikia: kulaumu utu wa mtu badala ya jambo, dharau, kujitetea kabla ya kusikia, na kujifungia katika ukimya. Mpe kila mhusika moja kuwa udhaifu wake wa kudumu. Daudi hujifungia, Zuhura hulaumu. Dharau iweke mbali na itoe kwa kipimo kidogo sana, kwa kuwa katika tafiti zake ndiyo iliyoonyesha kwa nguvu zaidi kwamba ndoa itavunjika, na wasomaji wanalijua hilo bila kusoma utafiti wowote. Mhusika akishapindua midomo na kuiga sauti ya mkewe mbele ya wageni, utahitaji sura nyingi kumrudisha moyoni mwa msomaji. Pengine asirudi.

Hatua ya 5: Jaza hadithi kwa miito midogo

Katika utafiti mwingine Gottman na wenzake waliwatazama wanandoa wapya, kisha wakawafuatilia miaka sita. Walihesabu mara ambazo mmoja alitupa mwito mdogo, kama vile “hebu tazama hii”, “leo nimechoka”, au kuguna tu dirishani, na mwenzake akaitikia. Waliokuwa bado pamoja walikuwa wameitikia kwa asilimia 86. Walioachana, asilimia 33.

Hayo ndiyo matofali yako. Mwito una majibu matatu tu: kuitikia, kutosikia, na kukataa kwa ukali. Chukua kitu kidogo, mathalani Daudi anasoma kwa sauti habari ya ajabu kutoka kwenye simu yake. Sura ya kwanza Zuhura anacheka na kusogea aone picha. Sura ya tano anasema “mm” bila kuinua kichwa. Sura ya tisa Daudi anaiona habari nyingine, anafungua mdomo, anatazama upande wa mke wake, anaifunga simu. Hujaandika hata sentensi moja ya kueleza kwamba wanapoteana. Kisha, ukitaka kuwarudisha, huhitaji maua wala mvua: sura ya kumi na mbili Zuhura anauliza, “Ulikuwa unasoma nini?”

Panga miito hiyo kwenye karatasi tofauti, sura kwa sura, kabla ya kuandika. Ni kazi ya kuchosha, na ndiyo inayofanya msomaji alie bila kujua kilichomliza.

Hatua ya 6: Faragha, mwili na mipaka

Tukio la faragha liingie tu kama baada yake kuna kitu kimebadilika kati ya wawili hao. Likiweza kutolewa na sura inayofuata isitikisike, litoe. Usilitumie kama zawadi ya kumaliza ugomvi pia. Watu waliokomaa wanaweza kulala pamoja huku bado wamekasirikiana, na asubuhi yake ikawa ngumu zaidi.

Miili iwe na umri. Mgongo unauma, mtu ana kovu la upasuaji, taa inazimwa kwa sababu ambayo mmoja haisemi. Ridhaa nayo iandikwe ndani ya tamaa, wala isichukuliwe kama fomu ya kujaza: kusita, kuuliza, kusubiri jibu, na mtu kusema “siyo leo” bila dunia kuanguka. “Siyo leo” iliyopokelewa vizuri huonyesha mapenzi kuliko kurasa tatu za kuhema.

Hapa lazima niseme ukali kidogo. Kumfuata mtu aliyekukataa mpaka kazini kwake, kupekua simu yake, kumchagulia marafiki, kumshika mkono asiondoke: hadithi nyingi huvipamba vitendo hivi kuwa ushahidi wa penzi zito. Ni udhibiti. Unaruhusiwa kabisa kumwandika mhusika mwenye wivu wa aina hiyo, hata ukampa haiba, lakini hadithi yenyewe ijue anachofanya. Kipimo changu ni rahisi: andika aya moja kutoka kwa macho ya anayefuatwa, akiwa peke yake njiani usiku. Baada ya hapo utajua kama unaandika mapenzi au hofu.

Hatua ya 7: Acha muda ufanye kazi

Mapenzi yaliyokomaa hayaandikiki bila muda kupita, na muda hauonyeshwi kwa kuandika “miaka mitano baadaye”. Tafuta kitu kinachojirudia: njia ileile, kiti kilekile, swali lilelile likiulizwa na mtu aliyebadilika. Mwongozaji wa filamu wa Marekani, Richard Linklater, alitengeneza filamu tatu kuhusu wapenzi wawili haohao, mwaka 1995, 2004 na 2013, kwa waigizaji walewale, na matukio katika zote ni watu wawili wanaotembea na kuzungumza. Miaka tisa kati ya moja na nyingine inaonekana usoni na kwenye namna wanavyokatizana maneno. Wewe huna nyuso za waigizaji, lakini maneno unayo. Wapenzi wapya humalizia sentensi zao. Wa muda mrefu huacha nusu hewani kwa sababu nusu ya pili inajulikana. Wakati mwingine mmoja huimaliza vibaya, na hapo una tukio.

Mtazamo wa usimulizi? Ukichagua nafsi ya kwanza, jihadhari: msimulizi atajipendelea. Njia ya kumpa haki asiyesimulia ni kumfanya afanye jambo la wema ambalo msimulizi analiona na hajui maana yake.

Hatua ya 8: Mwisho

Chama cha waandishi wa riwaya za mapenzi cha Marekani, Romance Writers of America, kilifafanua aina hii ya uandishi kwa mambo mawili: hadithi ya mapenzi iwe katikati, na mwisho uridhishe hisia na uwe wa matumaini. Soma neno matumaini tena. Halisemi harusi, wala halisemi kila kitu kimetatuliwa.

Mwisho wenye matumaini unaoaminika hulipiwa. Rudi kwenye udhaifu ulioupanga hatua ya 4, kisha mwonyeshe mhusika akifika mahali palepale alipozoea kuanguka na kufanya jambo dogo tofauti. Daudi, ambaye hujifungia, anaikuta barua ya kazi. Toleo la zamani la Daudi lingekaa kimya siku nne. Huyu anaiweka mezani, anavuta kiti na kusema, “Nisomee.” Kama Zuhura ataenda au hataenda ni uamuzi wako, mimi ningempeleka, na ningemrudisha mara moja kwa mwezi akiwa amechoka. Msomaji ameshapata alichokuja kukitafuta pale kiti kilipovutwa.

Na kama ukweli wa hadithi ni kwamba wanaachana, waache waachane. Ila itangaze kazi yako kama riwaya ya maisha, usije ukamvizia aliyenunua riwaya ya mapenzi.

Hatua ya 9: Kusafisha rasimu

Soma mazungumzo yote kwa sauti, ukiruka maelezo. Ukishindwa kutofautisha nani anasema nini, sauti zao bado ni moja, yaani yako.

Halafu tumia kitufe cha kutafuta kwenye programu yako ya kuandikia, uandike “nakupenda”. Katika rasimu yangu ya karibuni zilitokea 31. Nilibakiza mbili. Kwa kila iliyotoka nilijiuliza mhusika angesema nini kama neno hilo lisingekuwepo duniani, na majibu yakawa “umefika?”, “funga zipu, kuna baridi”, “nimekuachia taa”. Fanya hivyohivyo kwa “moyo”, “machozi” na “milele”. Ya mwisho iondoe kabisa.

Baada ya hapo mpe rasimu mtu aliyeishi na mwenzake zaidi ya miaka kumi. Usimwombe maoni, maana atakusifu. Mpe penseli na umwambie aweke alama kila mahali alipotikisa kichwa, bila kueleza kwa nini. Alama hizo ndizo utakazoanza nazo rasimu inayofuata.